Mtoto wa mbwa anayetii nyumbani na kupotea darasani

Swali: Daktari, nina mtoto wa mbwa wa miezi minne, mchanganyiko wa German Shepherd na mbwa wa kienyeji. Anaitwa Simba. Nyumbani hapa Jinja anaketi akiambiwa, anakuja akiitwa, na anangoja chakula chake bila kuruka. Lakini Jumamosi saa nne asubuhi tukifika kwenye mafunzo, ambayo hufanyika katika uwanja wa shule pamoja na mbwa wengine kumi, anakuwa kama hanijui: anabweka, ananusa majani, anatafuna kamba, na hata nyama anaikataa. Mkufunzi anasema ni mkaidi, nivute mnyororo kwa nguvu na nimkaripie. Majirani wanasema nimchape. Mwanangu wa miaka 12, ambaye ndiye hasa mwenye mbwa, hulia tukirudi nyumbani. Je, mbwa huyu ni mzito wa kuelewa? Nimtoe darasani?

Jibu: Dada yangu, Simba si mzito wa kuelewa, na katika yote uliyoyaeleza sioni dalili ya ukaidi. Jambo moja katika swali lako linanifafanulia mengi kuliko mengine yote, nalo ni kwamba anakataa hata nyama. Mtoto wa mbwa mwenye afya hakatai nyama kwa kiburi. Anaikataa pale msisimko au hofu inapomjaa hadi mwili unaacha shughuli ya kula, na mbwa aliyefika hapo hawezi kujifunza lolote, awe anaitwa kwa upole au kwa ukali, kwa kuwa umakini wake wote umekwisha kuchukuliwa na mbwa kumi walio mbele yake. Kazi yako, kwa hiyo, ni kutafuta mahali ambapo bado anakula na bado anasikia jina lake, hata kama mahali hapo ni nje ya uwanja, na kuyaanzia mafunzo hapo.

Watu wengi huamini kwamba mbwa akishajua kuketi, basi amejua kuketi popote. Mbwa hujifunza neno pamoja na mazingira yake. Aliyefundishwa kuketi uani amelipokea somo hilo pamoja na sakafu ya saruji, harufu ya jiko la mkaa, sura yako ukiwa umesimama mbele yake na bakuli mkononi, na ukimya wa lango lililofungwa. Ukimpeleka uwanjani, vitu hivyo vyote vimeondoka na neno lako limebaki peke yake. Mtoto wa darasa la kwanza anayesoma vizuri sebuleni, akisimamishwa katikati ya Soko Kuu la Jinja na kuambiwa asome kwa sauti, atababaika, na hakuna mwalimu atakayemwita mkaidi. Simba anahitaji kufundishwa neno lilelile upya sebuleni, uani, langoni, kando ya barabara, na mwishoni kabisa uwanjani, na utaona kwamba katika kila mahali papya anachukua muda mfupi kuliko mahali palipotangulia.

Mwaka 1908 wanasaikolojia wawili wa Marekani, Robert Yerkes na John Dodson, walichapisha majaribio waliyoyafanya kwa panya waliotakiwa kuchagua kati ya kijia cheusi na kijia cheupe, huku wakipigwa shoti ya umeme kila walipokosea. Tofauti ya rangi ilipokuwa dhahiri, shoti kali iliwafanya wajifunze haraka. Ilipokuwa ngumu kuonekana, shoti kali iliwachelewesha, na waliofanya vizuri ni wale waliopata msukumo wa wastani. Sikuelezi hili ili kusifu umeme. Ninalieleza kwa sababu linaonyesha kwamba kadiri somo linavyokuwa gumu, ndivyo mwanafunzi anavyohitaji utulivu zaidi. Kwa Simba, kuketi mbele ya mbwa kumi ni somo gumu sana, na kila unapomvuta mnyororo na kupandisha sauti unaongeza msisimko mahali ambapo tayari umezidi.

Kabla ya kubadilisha chochote uwanjani, hakikisha kwamba mwili wake hauna kinachomsumbua. Katika miezi minne meno ya utotoni yanang'oka na ya ukubwani yanaota, na kazi hiyo huendelea hadi karibu na mwezi wa saba. Fizi zinamwasha na kumuuma, na ndiyo sababu kubwa ya kutafuna kamba. Kabla ya kuondoka nyumbani mpe karoti iliyokaa kwenye friji aitafune kwa dakika kadhaa mbele ya macho yako. Minyoo, viroboto na kupe nao huiba umakini, na mbwa anayejikuna kila baada ya dakika moja hawezi kukutazama usoni. Ikiwa ni mwembamba huku tumbo limemvimba, au kama hajapewa dawa ya minyoo mwezi huu, pitia kwa daktari wa mifugo kwanza.

Fungua pia kadi yake ya chanjo, na hapa naomba unisikilize kwa makini kwa sababu jambo lenyewe ni la uhai. Chanjo za utotoni zinazokinga dhidi ya parvo na distempa, magonjwa mawili ya virusi yanayoua watoto wa mbwa, huanza akiwa na wiki 6 hadi 8, hurudiwa kila baada ya wiki 3 au 4, na dozi ya mwisho hutakiwa kutolewa akiwa na wiki 16 au zaidi. Chanjo ya kichaa cha mbwa hutolewa kuanzia miezi 3. Virusi vya parvo hukaa kwenye udongo kwa miezi mingi, na uwanja wa shule usio na ua hupitiwa na mbwa wa mitaani usiku kucha. Kama dozi ya mwisho bado, Simba asikanyage majani yale. Fanyeni mazoezi kwenye veranda ya saruji iliyosafishwa, au mbebe mikononi atazame darasa kutoka mbali, na hata kutazama huko ni somo. Mkufunzi ambaye hakuomba kadi ya chanjo siku ya kwanza ningemtilia shaka kabla hata sijaona anavyofundisha.

Tuje kwenye usingizi na saa. Mtoto wa mbwa wa umri huu hulala sehemu kubwa ya siku, na Jumamosi ndiyo siku anayonyimwa usingizi kuliko siku nyingine zote: watoto hawaendi shule, nguo zinafuliwa, wageni wanaingia na kutoka. Anafika kwako saa nne akiwa amekosa usingizi wake wa asubuhi, na uchovu wa mbwa mchanga hauonekani kwa kusinzia. Unaonekana kwa kubweka, kuuma na kurukaruka. Saa nne hiyo hiyo jua la Jinja limeshakuwa kali. Mbwa hapozi mwili kwa jasho kama sisi, anapoza kwa kuhema, na akianza kuhema kwa nguvu huku ulimi umetoka wote, somo limekwisha. Mfungie mahali penye kivuli na kimya alale saa moja au zaidi kabla ya kuondoka, beba maji, na ikiwezekana washauri wenzako muombe darasa lihamie saa moja asubuhi. Nimeona darasa lililokuwa la vurugu likitulia kwa badiliko hilo moja tu la saa.

Chakula cha asubuhi mpe nusu ya kawaida, asije na tumbo lililojaa wala asije akitetemeka kwa njaa. Zawadi za uwanjani ziwe za thamani kuliko anachokula kila siku, kwa sababu tonge la posho, yaani ugali, haliwezi kushindana na mbwa kumi. Maini ya ng'ombe yaliyochemshwa bila chumvi na kukatwa vipande vya ukubwa wa punje ya mahindi yanafaa sana, ingawa yakizidi humharisha. Kuku wa kuchemsha aliyetolewa mifupa anafaa pia. Mukene wakavu, yaani dagaa, ni rahisi na harufu yao inawapendeza mbwa wengi, ila uwaoshe vizuri kutoa mchanga, uwakaushe tena, na uchague wasiotiwa chumvi. Utakachompa darasani kipunguze kwenye chakula cha mchana.

Sasa nikuombe ufanye jambo ambalo mkufunzi wenu pengine hajalifanya, yaani kumtazama Simba dakika nzima bila kumwambia neno. Kubweka peke yake hakutuelezi kama anaogopa au anafurahi, na tiba za mambo haya mawili hazifanani. Mbwa anayefurahi huwa na mwili laini, mkia umepanda na kupepea kwa upana, anavuta kuelekea kwa wenzake na kubweka kama anayewaita. Mbwa anayeogopa hufyata mkia, hulaza masikio, hulamba midomo ilhali hakuna chakula, hupiga miayo ilhali halali, huenda akajificha nyuma ya miguu yako, na akibweka hubweka huku anarudi nyuma. Kunusa majani nako kuna namna mbili: kuna kunusa kwa udadisi, pua ikifuata harufu kutoka hapa hadi pale, na kuna kunusa kwa kukwepa, ambapo mbwa aliyekaripiwa au aliyekaribiwa sana huinamisha kichwa ghafla na kung'ang'ania sehemu moja ya majani ili asimtazame anayemtisha. Wengi huita hali hii ya pili utovu wa nidhamu, na kwa hilo wanawaonea mbwa wao.

Nina sababu ya kushuku kwamba kwa Simba yamo yote mawili. John Paul Scott na John Fuller, watafiti waliofanya kazi huko Bar Harbor nchini Marekani na kuchapisha matokeo yao mwaka 1965, walionyesha kwamba mtoto wa mbwa ana kipindi maalumu cha kuzoea watu, mbwa wenzake na mambo ya dunia, kinachoanza karibu na wiki ya 3 na kupungua nguvu kuanzia wiki ya 12 hadi ya 14. Kwetu Uganda wiki hizo hupita watoto wa mbwa wakiwa ndani ya ukuta, na katika nyumba nyingi wakiwa ndani ya banda mchana kutwa, kwa sababu tunawalea wawe walinzi wa usiku. Mbwa aliyelelewa hivyo hufika uwanjani akiwa hajawahi kuona zaidi ya mbwa wawili kwa pamoja, na kwake siku ya kwanza darasani ni siku ya kwanza ya dunia. Simulaumu mwenye nyumba anayehitaji ulinzi. Nasema tu kwamba mbwa anayetoka bandani mara moja kwa wiki, tena siku ya darasa, anadaiwa utulivu ambao hajapewa nafasi ya kuupata. Kipindi hicho kikishapita bado anaweza kuzoea, ila kwa mwendo wa polepole zaidi.

Basi Jumamosi ijayo fika nusu saa kabla, lakini usiingie uwanjani. Ondoa mnyororo wa shingoni, mvalishe mkanda wa kifuani na kamba ya mita 2, na usimame mbali, mita 40 au 50, kando ya barabara au nyuma ya gari lililoegeshwa. Kwanza mwache anuse kwa dakika kumi bila kumwamuru chochote. Pua ndiyo njia yake ya kujua alipo, na akishajua alipo huanza kukukumbuka wewe. Kisha tamka jina lake mara moja. Akigeuza kichwa ndani ya sekunde mbili na akala unachompa, hapo ndipo mahali pake pa kuanzia leo. Asipogeuka, usimwite mara ya pili wala ya tatu, maana jina linaloitwa mfululizo bila jibu hugeuka kuwa kelele kama kelele nyingine. Rudi nyuma hatua kumi, ngoja atulie, jaribu tena.

Mkiwa mahali hapo, acha awatazame mbwa wengine. Usimzuie kutazama, na usiweke nyama mbele ya pua yake kumvuta asitazame. Anapomtazama mbwa mwingine, sema neno moja fupi la alama, kwa mfano "ndiyo", kwa sauti ya chini, na umpe kipande cha maini karibu na mguu wako, ili kwa kukifuata ageuze mwili wake kwako. Atazame tena, useme tena, umpe tena. Baada ya kurudia hivi mara nyingi, utaona jambo linalopendeza sana: anamtazama mbwa, kisha anageuza kichwa kwako mwenyewe kabla hujasema kitu. Kuonekana kwa mbwa mwingine, ambako kulikuwa kunamwondoa kwako, sasa kumekuwa ishara ya kwamba kwako kuna kitu kizuri. Msingi wake ni uleule alioueleza Mrusi Ivan Pavlov, aliyepewa Tuzo ya Nobel mwaka 1904 kwa kazi yake kuhusu umeng'enyaji wa chakula, kwamba kinachotangulia chakula mara kwa mara hatimaye huamsha hamu ya chakula chenyewe.

Akishafanya hivyo kwa utulivu, sogea hatua tatu mbele, na hapo umwombe jambo dogo analolijua, kama kuketi. Kipimo ninachowapa wateja wangu ni kuomba mara tano: akiweza mara nne au tano, sogea tena, akiweza mara tatu, baki hapo hapo, chini ya tatu, rudi nyuma bila hasira na bila maneno. Mazoezi yawe ya dakika mbili au tatu, kisha apumzike kwa dakika tano nyuma ya gari au ukuta ambako hawaoni wenzake. Inawezekana Jumamosi nzima mkaishia kwenye mita 30, na wenzenu wa uwanjani wakawashangaa. Nakuomba sana usisogee kwa sababu ya aibu. Nimewaona watu wengi wakiharibu kazi nzuri ya wiki tatu katika dakika moja kwa kuwa mkufunzi amewaita "njooni karibu, msiogope".

Kamba iwe imelegea muda wote unapoweza. Kamba inayovutwa humfanya mbwa avute upande wa pili, na humjulisha kwamba kuna jambo la hatari hata pale ambapo halipo. Ukiona anaanza kukaza, anza kutembea kwa kuzunguka, mwite kwa sauti ya uchangamfu, mtembee pamoja, kisha mrudi. Kama ulipomtazama uliona ni furaha tupu, mpe pia kile anachokitamani: baada ya kuketi na kukutazama, mruhusu amsalimie mbwa mmoja mtulivu kwa sekunde tatu au nne, kisha mwite mwondoke. Kama ni hofu, asisalimiane na yeyote kwa sasa, na usimruhusu mtu amlete mbwa wake "wazoeane", maneno ambayo yamewafanya mbwa wengi wachanga kuwa wakali.

Kazi kubwa, hata hivyo, ipo kati ya Jumamosi na Jumamosi. Mtafutie Simba kipande cha mkeka au gunia safi, na kila siku umlipe kwa kulala juu yake: mwanzoni kwa kukanyaga tu, baadaye kwa kulala, baadaye kwa kubaki amelala wakati unapika au mwanao anafanya kazi ya shule. Gunia hilo ndilo utakalolibeba kwenda uwanjani, nalo litampelekea sehemu ya utulivu wa nyumbani. Halafu mtoe nje ya lango kila siku kwa robo saa, asubuhi mapema au jioni, mkae tu kando ya njia mkitazama. Bodaboda zipite, kuku wapite, mbuzi walie, wanafunzi wa sare wapige kelele, kaloli, wale ndege wakubwa wa majalalani, watue mbele yenu, na kila kimoja kimletee kipande kidogo cha chakula na sauti yako ya upole. Mbwa aliyezoea kukutazama wakati bodaboda inapita ana nusu ya somo la uwanjani.

Wala usidhani kwamba unapaswa kumfundisha kutwa kucha. Watafiti wa Denmark waliochapisha matokeo yao mwaka 2011 walilinganisha mbwa wa aina ya beagle waliofundishwa kila siku na wale waliofundishwa mara moja au mbili kwa wiki; wale wa mara chache walihitaji vipindi vichache zaidi kulimudu somo, na waliopewa kipindi kimoja kifupi walifanya vizuri kuliko waliopewa vipindi vitatu mfululizo. Kutembea na kutazama kuwe kwa kila siku, lakini somo jipya lenyewe lipumzishwe, naye apate usingizi kati ya somo moja na lingine.

Kuhusu mnyororo na kiboko, sitazunguka. Wakufunzi wengi wa hapa kwetu walijifunzia kazi kwenye mbwa wa ulinzi, ambako mkono mzito ulikuwa desturi, na baadhi yao ni watu waungwana wanaofundisha kama walivyofundishwa. Lakini ushahidi umeshajulikana. Mwaka 2020 watafiti wa Ureno walichapisha uchunguzi wa mbwa 92 waliokuwa katika madarasa mbalimbali. Wale wa madarasa yaliyotumia zaidi kuvuta, kukaripia na adhabu walionyesha dalili nyingi zaidi za msongo, walihema zaidi wakati wa mafunzo, na homoni ya msongo iliongezeka zaidi kwenye mate yao baada ya darasa kuliko kwa wale waliofundishwa kwa zawadi. Mbwa anayeogopa uwanja kwa sababu ya maumivu ya shingo ataubwekea uwanja huo zaidi Jumamosi ijayo. Ukimchapa mbele ya mbwa wengine, anachojifunza ni kwamba mbwa wengine wakionekana kuna kipigo, na mwaka mmoja baadaye utakuwa na mbwa mkubwa wa kilo 30 anayewarukia wenzake, na hakuna atakayekumbuka sababu.

Mwanao naomba asiondolewe katika jambo hili, maana machozi yake yanaonyesha kwamba anamjali mbwa huyu kweli. Mtoto wa miaka 12 anaweza kuwa mfunzaji mzuri akipewa kazi inayolingana naye. Kwa wiki chache za mwanzo wewe ushike kamba, yeye ashike chakula na kutamka neno la alama, kwa sababu watoto huwa wepesi wa kuona ni lini hasa mbwa amegeuka. Nyumbani mkubaliane maneno mtakayotumia. Kama baba anasema "tuula" kwa Kiganda, wewe "keti" na mtoto "sit", Simba anajifunza maneno matatu kwa kazi moja huku mnamwona mzito. Chagueni moja, lolote, na hata mfanyakazi wa nyumbani na askari wa lango walijue. Mwambie mwanao mapema kwamba kati ya mwezi wa 6 na mwaka wa kwanza Simba atapitia kipindi cha ujana ambapo ataonekana amesahau kila kitu. Utafiti wa Uingereza uliochapishwa 2020 ulionyesha kwamba mbwa wa miezi 8 walitii amri ya kuketi kwa walezi wao kwa ugumu zaidi kuliko walipokuwa na miezi 5, ilhali kwa mtu mgeni waliitii vizuri zaidi. Hali hiyo hupita, na wakati huo mnarudi tu kwenye umbali mkubwa kidogo.

Umeuliza kama umtoe darasani. Jibu langu linategemea mkufunzi kuliko Simba. Nenda kwake kabla ya Jumamosi, bila ugomvi, umwombe mkae pembeni ya uwanja na kuingia mnapokuwa tayari, usitumie mnyororo, na mbwa wasizungushwe kwa mstari mmoja pua ya huyu ikiwa mkiani mwa yule, kwa sababu mpangilio huo ni mgumu hata kwa mbwa wakubwa. Muulize pia kama inawezekana kuwagawa, mbwa watano saa moja na waliobaki saa mbili. Mbwa kumi na mmoja wachanga kwa mkufunzi mmoja ni wengi. Mkufunzi mwema atakubali angalau mawili ya kwanza, na huenda akajifunza kitu kwa kumwona Simba akisogea. Akikataa yote, mtoe bila kujilaumu. Tafuta jirani wawili wenye mbwa watulivu waliochanjwa, mkutane mara mbili kwa wiki mahali pa wazi mkiwa mbalimbali, mfanye haya haya niliyoyaeleza. Kwa mbwa wa umri wake, mazoezi hayo yatamfaa kuliko darasa linalomtisha.

Jaribu kwa Jumamosi nne kabla ya kuamua kwamba haifai. Ila kama mkiwa mita 50 bado anakataa maini kwa dakika kumi za mwanzo, msimlazimishe. Rudini nyumbani siku hiyo, apimwe na daktari wa mifugo wiki hiyohiyo, na uniandikie tena unieleze mkia wake ulikuwaje, alikuwa anatazama nini, na alilala kwa saa ngapi usiku uliotangulia.